ETI "ELIMU HAICHACHI": NESI STAA, LESENI ILIYOKUFA NA BI HARUSI ALIYEVIMBA USO

Kuna dada mmoja hapa mjini, jina lake liachwe lipumzike, maana wenye bando wote wameshamjua. Ndiye yule wa sare za unesi za rangi ya waridi zilizobana, kope za kubandika, kucha ndefu kama za mwali, na mkoba mweupe wenye msalaba. Anaitwa majumbani na hotelini kuwatundikia mastaa na wake za wakubwa dripu za "kung'aa". Kwenye ukurasa wake amejiandika "Florence Nightingale wa Bongo", na wafuasi wake wanahesabiwa kwa malaki.

Majuzi alikuwa laivu usiku, anakula kuku huku anajibu maswali ya mashabiki. Mtu mmoja akamwuliza swali la kistaarabu kabisa: "Dada, samahani, leseni yako ya uuguzi bado iko hai?"

Dada akacheka mpaka kope ikalegea. Akajibu: "Mpenzi, nilisoma miaka mitatu, nikafaulu, cheti kipo ukutani kwa mama. Leseni ni karatasi ya kulipia tu ili watu wapate hela ya chai. Elimu haichachi kama maziwa."

Aisee, makopakopa yalivyomiminika! Aliyeuliza akashambuliwa na kijiji kizima: mwenye wivu huyo, nesi wa zahanati huyo, kauze mkaa, mwache dada atafute riziki. Ndani ya dakika tano akawa ameshapigwa bloku. Na tangu usiku ule msemo umeshika mji. Leo ukimwuliza hata msusi mbona dawa yake ya nywele imepitwa na wakati, anakujibu kwa madaha: elimu haichachi.

Sawa. Hebu jamani elimu hiyo inuswe kidogo, maana harufu imeanza.

HAKI YAKE KWANZA APEWE

Dada huyu si nesi feki. Uuguzi alisoma, mtihani alifanya, jina lake liliingia kwenye daftari la wauguzi, na miaka ya nyuma alivaa sare ya kweli kwenye wodi ya kweli. Kisha zikaja tamthilia, zikaja harusi za kushereheshwa, ikaja biashara ya dripu. Wodi akaiaga. Leseni ikafika tarehe yake, ikafa, na yeye hakwenda hata mazishini.

Wengi wanachanganya mambo mawili hapa. Kuna kusajiliwa, na kuna kuwa na leseni. Kusajiliwa kunasema: huyu aliwahi kusoma na kufaulu. Leseni inasema: huyu, leo, anaruhusiwa kumgusa mgonjwa. Sheria ya Uuguzi na Ukunga ya mwaka 2010 ya Tanzania inavitaka vyote viwili, na Baraza la Uuguzi na Ukunga ndilo linalotunza daftari na kutoa leseni. Leseni ina tarehe ya kuzaliwa na tarehe ya kufa, na ili ifufuke muuguzi analipa ada na kuonyesha kwamba bado anajifunza: semina, mafunzo kazini, kozi, pointi juu ya pointi.

Ni kama dereva. Mtu alifaulu udereva zamani sana, sawa, hongera zake. Leseni yake ikiwa imekufa na akamgonga mtoto wa watu pale kwenye kivuko, trafiki hataki hadithi ya chuo alichosoma. Na hapo dereva ana gari tu mkononi. Dada ana sindano, na sindano iko ndani ya mshipa wa mtu.

YALIYOTOKEA HOTELINI

Wiki mbili baada ya laivu ile, hoteli moja ya ufukweni, siku tatu kabla ya harusi. Kicheni pati ilishapita, somo alishamaliza darasa lake, sasa wasichana sita wa kundi la bi harusi wakaamua kumalizia na dripu za kung'aa. Dada akaja na mkoba wake. Singeli inapigwa, simu zinarekodi, kila mmoja na kitanda chake, kila mmoja na chupa yake ya mchanganyiko wa siri. Siri kweli, maana kilichokuwemo hakikuandikwa popote.

Haikupita robo saa bi harusi akasema viganja vinawasha. Kisha midomo. Kisha koo. Sauti ikaanza kukwaruza kama ya mtu mwenye mafua, macho yakawa yanafunga kwa uvimbe. Dada akamshika bega, akamwambia kwa sauti tamu ile ile ya laivu: "Tulia mpenzi, hizo ni sumu zinatoka."

Sumu zinatoka! Binti wa watu anakosa pumzi, anaambiwa anasafishwa.

Alipoanza kulegea ndipo dada akachomoa sindano, akakusanya chupa zake zote, akasema anakwenda kuchukua dawa kwenye gari. Hakurudi. Waliokuwepo wanasema gari lilisikika likiwaka.

Binamu wawili wakambeba bi harusi na kanga yake mpaka kwenye bajaji, na bajaji ikakata upepo mpaka hospitali ya karibu. Pale mapokezi alikuwepo nesi wa zamu ya usiku. Huyu hana kope za kubandika, hana wafuasi, na picha yake haipo kwenye posti ya mtu yeyote. Akamtazama bi harusi mara moja tu. Akamlaza, akamwinua miguu, akaita daktari kwa sauti, na kabla daktari hajafika adrenalini nusu miligramu ilishaingia kwenye msuli wa paja. Oksijeni ikafuata, maji ya mshipa yakafuata. Pumzi ikaanza kurudi.

Daktari akauliza swali moja: "Amewekewa nini?"

Kimya. Shangazi anawatazama binamu, binamu wanatazama sakafu. Chupa zilishaondoka na mwenyewe. Wakampigia dada simu. Haipatikani. Wakapiga tena. Haipatikani. Usiku kucha daktari na nesi wakamtibu mtu bila kujua kilichomo mwilini mwake, na mwenye kujua alikuwa amezima simu.

Bi harusi alipona. Harusi ilifungwa, uso ukiwa bado umejaa kidogo chini ya poda nzito. Familia ikaona aibu, ikanyamaza. Na kesho yake dada akaposti picha yuko ufukweni na miwani meusi, maneno chini yake: "Mti wenye matunda ndio hupigwa mawe." Makopakopa kama kawaida.

SASA ELIMU INACHACHA AU HAICHACHI?

Turudi kwa yule nesi wa zamu. Miaka ya nyuma, mgonjwa kama bi harusi angekuja na uso umevimba, nesi huyu naye angekimbilia haidrokotizoni, kwa sababu ndivyo alivyowaona wakubwa zake wakifanya wodini. Miezi minne kabla ya usiku ule alihudhuria semina ya nusu siku kuhusu dharura. Alitoka zamu ya usiku akaunganisha humo humo, macho mazito, hajala. Hakwenda kwa mapenzi ya semina. Alikwenda kwa sababu leseni ilikuwa inakaribia tarehe na pointi hazikutosha. Huko ndiko alikosisitiziwa: mzio mkali wa namna hii ni adrenalini kwanza, kwenye msuli wa paja, bila kuchelewa, mengine yatafuata.

Sasa piga hesabu mwenyewe. "Karatasi ya kulipia tu" ndiyo iliyompeleka semina. Semina ndiyo iliyompeleka mkono wake kwenye adrenalini. Bila tarehe ile ya kufa kwa leseni, angekuwa amelala nyumbani siku ya semina, na hakuna ambaye angemlaumu.

Na anayebisha kwamba elimu ya afya inachacha, aulize malaria. Muuguzi aliyehitimu Tanzania mwaka 2000 alifundishwa kwamba klorokwini ndiyo dawa ya mwanzo ya malaria. Mwaka 2001 nchi ikaiacha, ikahamia SP. Mwishoni mwa 2006 SP nayo ikawekwa pembeni, ikaja dawa mseto. Yaani ndani ya miaka sita tu, jibu sahihi la mtihani liligeuka mara mbili. Nesi aliyefungia elimu yake kwenye fremu ukutani kwa mama angekuwa bado anagawa klorokwini kwa vimelea vilivyokwisha kuizoea, na watoto wangekuwa wanatetemeka kwa homa mikononi mwake huku yeye anajisifu kwamba alifaulu.

Aulize virusi vya ukimwi. Kuna wakati aliyekutwa navyo aliambiwa asubiri mpaka kinga ishuke ndipo aanze dawa. Tangu 2016 Tanzania imefuata njia ya kumwanzishia dawa kila anayekutwa navyo, bila kusubiri. Nesi wa elimu isiyochacha angekuwa bado anawaambia watu "rudi nyumbani, hujafikia".

Aulize hata kufufua mtu aliyezimika moyo. Mwaka 2010 mwongozo wa Chama cha Moyo cha Marekani, unaofuatwa sehemu nyingi duniani, ulipindua mpangilio: badala ya kuanza na njia ya hewa na pumzi, mtu mzima akizimika anaanziwa kubonyezwa kifua. Aliyesoma kabla ya hapo na asirudi darasani, anaanzia penginepo mpaka leo.

Hayo ni maziwa mabichi hayo? Hayo ni mtindi tayari.

USHAHIDI UPO HAPA HAPA NYUMBANI

Wapo watakaosema sawa, dawa zinabadilika, lakini mikono ya nesi mzoefu haisahau. Nayo pia ilishapimwa, tena hapa hapa Tanzania.

Mwaka 2013 yalichapishwa matokeo kutoka hospitali 8 za nchini ambako wakunga na wahudumu walifundishwa kumsaidia mtoto mchanga asiyepumua ndani ya dakika ya kwanza, ile wanayoiita dakika ya dhahabu: kumkausha, kumchangamsha, na akigoma, kumpulizia hewa kwa mfuko na barakoa. Vifo vya watoto ndani ya saa 24 za kwanza vilishuka kwa asilimia 47. Karibu nusu! Kwa mdoli, mfuko wa hewa, na watu waliokubali kukaa tena darasani.

Lakini hospitali ya Haydom, kule Manyara, ilitoa somo chungu zaidi. Wahudumu walifundishwa siku moja, kwenye mdoli wakafanya vizuri sana. Walipofuatiliwa wodini, kwa watoto wa kweli, mambo yalikuwa yale yale ya zamani. Darasa la siku moja lilibaki darasani. Mabadiliko yalikuja walipoanza kufanya mazoezi mafupi, ya mara kwa mara, pale pale kazini. Matokeo yaliyochapishwa 2015 yalionyesha vifo vya saa 24 za kwanza vikishuka kutoka 11.1 hadi 7.2 kwa kila watoto 1,000 waliozaliwa hai.

Hao walikuwa wauguzi na wakunga walio kazini, wanaozalisha kila siku, na mafunzo mara moja hayakuwatosha. Sasa dada ambaye mara ya mwisho kuingia wodini ni kabla hajaanza kucheza tamthilia, yeye mikono yake inakumbuka kwa miujiza gani?

HUYO NIGHTINGALE MWENYEWE

Na kwa kuwa dada amejipachika jina la watu, basi historia yake aijue. Nchi ya kwanza kutunga sheria ya pekee ya kusajili wauguzi ilikuwa New Zealand, mwaka 1901, na mwaka uliofuata Ellen Dougherty akawa muuguzi wa kwanza kusajiliwa chini ya sheria hiyo. Uingereza walichelewa mpaka 1919. Na mmoja wa waliopinga usajili kwa miaka mingi alikuwa Florence Nightingale mwenyewe.

Dada akisikia hivyo ataruka kwa furaha: mnaona, hata bibi wa uuguzi alikataa karatasi! Asiharakishe. Nightingale hakuona karatasi kuwa kali mno. Aliiona haitoshi. Kwake mtihani hauwezi kupima tabia ya mtu, na jina kwenye daftari halimwambii mgonjwa kama muuguzi huyu bado ni mwema na bado anajifunza. Bibi alitaka zaidi ya cheti, na dada anataka pungufu ya cheti. Majina yanafanana kwenye ukurasa tu.

Kuhuisha leseni ndilo jibu la wasiwasi ule wa bibi. Daftari linasema ulikuwa nani siku ya mtihani, leseni hai inatakiwa iseme wewe ni nani leo.

"NI BIASHARA YA KUKUSANYA HELA TU"

Hoja hii isipuuzwe, maana haikutoka hewani. Wauguzi wengi waaminifu wanainung'unikia, na wana haki.

Yule nesi wa zamu, kabla ya kupata ile semina, aliomba ruhusa kwa mwajiri wake mara tatu. Mara ya kwanza akaambiwa watu ni wachache. Mara ya pili barua yake ikapotea mezani kwa mtu. Mara ya tatu akaambiwa aende, lakini zamu yake atailipa, na nauli ajitegemee. Ada ya leseni akaitoa kwenye hela ya marejesho ya kikoba. Siku ya kujaza fomu akakaa steshenari saa nzima, mtandao unakuja na kukatika, kijana wa kompyuta anamhesabia kila dakika. Mwajiri yule yule, leseni ilipotoka, akataka nakala siku hiyo hiyo kwa sababu wakaguzi walikuwa njiani.

Huo ni uonevu, na uitwe kwa jina lake. Mwajiri anayetaka leseni hai kwenye faili lakini hataki nesi wake aende kujifunza, naye ni ndugu wa dada wa dripu. Wote wawili wanaona leseni ni karatasi. Mmoja anaidharau, mwingine anaifungia kabatini, na mgonjwa halindwi na yeyote kati yao.

Kuna na balaa lingine, hili la kwenye magrupu. Usiku wa manane inaingia meseji: "Vyeti vya semina, pointi kamili, hakuna kuhudhuria, buku kumi tu, njoo inboksi." Na wapo wanaokwenda. Nesi anayenunua pointi kwa buku kumi na kesho akasimama kitandani kwa mgonjwa, huyo anaweza kuwa na leseni hai mkononi na elimu iliyokufa kichwani. Dada wa dripu angalau hajifichi.

Lakini dawa ya kufuli bovu ni kubadilisha kufuli. Hakuna anayeng'oa mlango mzima kwa sababu ya kufuli. Waulizwe Waswahili wanaofanya unesi ughaibuni. Aliyeko Leicester atakuambia kwamba tangu Aprili 2016, kila baada ya miaka 3 muuguzi wa Uingereza anatakiwa kuonyesha saa 450 za kazi, saa 35 za mafunzo ambazo 20 kati yake awe amejifunza pamoja na wenzake, maoni 5 kutoka kwa watu kuhusu kazi yake, na maandishi 5 ya kutafakari alichojifunza, kisha akae na muuguzi mwenzake wayajadili, na awepo wa kuthibitisha kwamba ayasemayo ni kweli. Aliyeko Houston atakuambia kila miaka 2 anatafuta saa zake 20 za mafunzo. Nao wanalalamika! Wanalalamika ada, wanalalamika makaratasi, wanaandika tafakuri usiku watoto wamelala. Ila hutawasikia wakisema saa 450 za kazi ni hela ya chai.

Ndiyo maana ugomvi uelekezwe kunakostahili. Idaiwe semina ya kweli, karibu na wodi, fupi na ya mara kwa mara kama ile ya Haydom. Idaiwe ruhusa yenye malipo. Wauza vyeti washtakiwe. Hayo ni madai ya mtu anayeijali leseni. "Elimu haichachi" ni kauli ya mtu aliyekwisha kuikimbia.

"MBONA HAJAFA MTU?"

Hili ndilo povu la mwisho la mashabiki. Eti dada ametundika dripu mamia kwa mamia, mbona hakuna aliyekufa?

Mtu anaweza kuvuka barabara akiwa amefumba macho mara tisa akafika. Hiyo haimfanyi kuwa mwalimu wa usalama barabarani. Na kwa habari ya dripu zenyewe za kung'arisha ngozi, mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani ilishatamka kwamba haijaidhinisha dawa yoyote ya sindano kwa kazi hiyo. Yaani anayezitundika anafanya jambo la kubahatisha, kwa leseni iliyokufa, kwenye chumba cha hoteli kisicho na adrenalini wala oksijeni, na singeli juu.

Tena kuna jambo ambalo bi harusi yule alilijifunza kwa pumzi yake. Nesi mwenye leseni hai ana mahali pa kukamatiwa. Ana jina kamili, ana namba, ana Baraza linaloweza kumwita, kumhoji na kumnyang'anya ruhusa ya kazi. Akikosea, kuna mlango wa kugonga. Dada wa dripu ana ukurasa. Siku ya heri unaingia unakuta makopakopa. Siku ya shari unapiga simu, haipatikani.

Daktari aliuliza "amewekewa nini?" Swali dogo kiasi hicho. Nesi anayeijua kazi yake angekuwa ameandika: jina la dawa, kipimo, saa, sahihi. Angekuwa amepanda kwenye bajaji ile pamoja na mgonjwa, chupa mkononi. Kilichomkimbiza dada hotelini si ukatili. Alijua kwamba akifika hospitali ataulizwa jina na leseni. Leseni iliyokufa ndiyo iliyowasha lile gari.

MANENO MAWILI KWA KILA MMOJA

Kwa masomo na makungwi: mnamfundisha mwali kupika, kuogesha mume na kutunza siri za ndani. Ongezeni mstari mmoja, asitoe mkono wake kwa sindano ya mtu asiyemjua.

Kwa mastaa mnaoposti dripu na kumtegi dada bure ili mpunguziwe bei: picha zenu ndizo zilizompeleka bi harusi hotelini. Hakumtafuta dada kwenye daftari la Baraza, alimwona mikononi mwenu.

Kwa wenye hoteli: mlinzi anakagua mkoba wa mgeni asiingie na soda ya nje, lakini mkoba wa sindano unapita na saluti.

Kwa manesi mlio kazini: mkidharauliwa kwenye maoni, msinyamaze sana. Na yule anayeuza pointi kwenye grupu lenu mnamjua, tena wengine mmemwekea jina kabisa kwenye simu. Anawauzia aibu kwa buku kumi.

Na kwa dada mwenyewe: mlango haujafungwa. Alisoma kweli, na kusoma kwake hakuna anayekufuta. Arudi, alipe, akae kwenye kiti cha plastiki kwenye semina pamoja na nesi wa zamu mwenye usingizi, ajifunze upya kile alichokisahau. Akitoka hapo, avae waridi, avae zambarau, ni haki yake. Ila kwanza akaombe radhi kwenye ile nyumba, na awaambie kilichokuwemo kwenye chupa. Mpaka leo hawajui.

Haya wadau, uwanja ni wenu, mwageni maoni. Lakini kabla hujaanza kutokwa povu kumtetea mtu, jiulize hili moja: aliyekuchoma sindano yako ya mwisho, leo hii ukimpigia simu, anapatikana?